Komeo la Nyumba ya Anastela

Mnaponijia hapa Kashozi na simu zenu za kupigia picha, swali lenu la kwanza ni lile lile: "Ta Projesti, mtu akiingia katika nyumba ya zamani, aanze kuangalia nini?" Mnategemea niseme msingi au paa. Mimi nasema anzeni na mwenye nyumba. Mtazame usoni anapokutajia aliyeijenga. Akijibu haraka mno, mshuku. Akisitasita, mshuku. Akikulaki kwa "nyegera waitu, nyegera" na kukutilia mkononi punje za kamwani, kahawa yetu ya kutafuna, utafune kabla hata hujasema umetoka wapi, mshuku mara mbili, maana huyo kibanja chake kina kesi.

Mke wangu, Ma Justa, anasema kazi imeniharibu. Chai ya nyumbani kwangu mwenyewe naichungulia kabla ya kunywa. Juzi kaniambia, "Wewe Projesti, siku ya kufa utamdai malaika kitambulisho." Nikamjibu kwamba nitamdai, tena na picha ilingane. Alicheka, lakini mimi sikuwa natania sana.

Nilikuwa seremala na mwashi. Zaidi ya miaka arobaini nimepanda mapaa ya Bukoba na Muleba, mwanzo kwa kukarabati tu. Halafu tetemeko likatupiga, nyumba za udongo zikapasuka huku na huku, na ndani ya nyufa zikaonekana tabaka tabaka za lipu, rangi, moshi na magazeti yaliyobandikwa na watu ambao hakuna anayewakumbuka. Walimu wastaafu wawili watatu wakanifuata. Wakasema, Ta Projesti, tuzipitie nyumba hizi kabla hazijalala chini zote, tuandike nani aliishi humo, alipika wapi, alilala wapi, aliogopa nini. Hawakutaka nyumba za wakubwa. Wakubwa wana watu wa kuwaandika. Walitaka za watu wa kawaida, na mimi nikakubali, maana nilikuwa nimechoka kubeba matofali.

Sasa, hakuna aliyetuamini. Nchi hii ukionekana unagonga ukuta mkuukuu kwa kidole, watu wanajua tayari: huyu anatafuta rupia alizofukia Mjerumani. Ukikana, ndiyo kabisa, umethibitisha. Kashai kulikuwa na mzee mmoja, Mzee Sudi, babu yake alitoka pwani akafungua duka Bukoba. Alikuwa na nyumba ya kale katikati ya vyumba vya kupangisha, na aliniruhusu kuingia darini. Nilipokuwa juu nikikagua kenchi, zile mbao zinazobeba paa, nikasikia chini kitu kinaburutwa. Wameondoa ngazi!

"Shuka na ulichokipata," Mzee Sudi akaniita kutoka chini.

"Nimepata kinyesi cha popo, mzee wangu."

"Kishushe tukione."

Nilikaa juu ya mbao kuanzia adhuhuri mpaka alasiri, jasho linanitiririka, mashemeji zake wawili wananilinda kwa zamu. Waliponishusha walipekua mfuko wangu, wakakuta timazi ya shaba, ile tunayoning'iniza kwa kamba kupimia ukuta kama umesimama wima. Ehee! Wakasema ndicho kipimo chenyewe cha rupia. Nilieleza mpaka nikakauka koo. Mwisho, kwa hasira, nikaishika kamba nikasema haya, inaonyesha hapo, karibu na jiko. Nikaondoka zangu. Mwaka uliofuata nikapita pale, nikakuta shimo wamelichimba kweli, refu la haja, kisha wakalijengea choo. Mzee Sudi alinisalimia kwa ubaridi, ila alikiri kwamba choo ni kizuri.

Nawaambieni haya ili msije mkadhani shaka ilikuwa yangu peke yangu. Walinishuku, nami nikawashuku. Ndivyo tulivyofanya kazi.

Aliyenifundisha ni Ta Felisiani, fundi wa upande wa Rubya, mtu mfupi, mkali, asiyeamini hata rula ya mtu mwingine. Alikuwa na neno moja tu la kufundishia: "Fungua." Ukimwambia ukuta huu ni wa matofali ya kuchoma, anasema fungua. Ukimwambia mbao hii ni mvule, anasema fungua. Alitaka utoboe, ukwangue, uchomoe msumari, uone kwa macho, ndipo ufungue na kinywa.

Niliwahi kumpuuza nikiwa bado mbichi. Hapa hapa Kashozi palikuwa na familia yenye mwaka ulioandikwa juu ya mlango kwa saruji, tarakimu kubwa kubwa, na mimi niliyekuwa narekebisha baraza nikawapigia hesabu nyumba yao ina umri gani. Wakafurahi! Wakaalika ukoo, wakachinja, wakatengeneza rubisi, pombe yetu ya ndizi, mchungaji wao akaja kubariki. Ta Felisiani naye alialikwa. Alikula nyama, akanywa rubisi, akasubiri mpaka ameshiba, ndipo akasimama na msumari akakwangua kidogo pembeni ya ule mwaka. Chini yake kulikuwa na lipu nyingine, chini ya lipu rangi, chini ya rangi moshi wa miaka mingi. Mwaka ule ulikuwa wa mtu aliyepiga lipu. Nyumba ilikuwa kongwe kuliko lipu, hakuna aliyejua kwa kiasi gani. "Nyama ilikuwa nzuri," aliwaambia, akachukua kofia yake. Mimi nilibaki nikiangalia miguu yangu.

Ni yeye pia aliyenionyesha jambo la komeo. Sikilizeni vizuri hapa, maana vitabu vyenu havina hili. Zamani komeo la ndani la mlango wa mbele, lile la chuma la kusukuma, halikufungwa popote tu. Ukuta umekwisha, paa limekwisha, mlango umening'inizwa, fundi anamwita mwenye nyumba. Si mke wa mwenye nyumba, si mtoto, si aliyetumwa. Mwenye nyumba. Anamwambia, "Simama hapa, funga nyumba yako." Yule mtu ananyoosha mkono kana kwamba komeo lipo, na pale mkono unapotua wenyewe, fundi anachora kistari kwa mkaa. Hapo ndipo komeo linapofungwa, kabla ya rangi yoyote. Ta Felisiani alisema wenye nyumba wengi walicheka mkono ukiwa hewani, na wengine walilia.

Kwa hiyo ukikuta komeo la kwanza, umekuta mkono wa mtu. Nilitembea na elimu hiyo miaka mingi nikijiona mjanja. Na kwa elimu hiyo hiyo nikamtoa mama wa watu katika nyumba yake.

Kwa nini nimezunguka kote huku kabla ya kufika hapa mnaweza kukisia. Ma Justa ameniambia, ukiwaeleza vijana ujanja wako bila kuwaeleza hili, wewe ni mwongo kuliko nyumba zote ulizozipima. Haya basi.

Aliyenifuata ni Ta Kristofa, mkuu wa ukoo mmoja kule Muleba, si mbali na Rubya. Mzee mtaratibu, anayepima neno kabla ya kulitoa. Alinieleza kesi yao. Kulikuwa na nyumba ya udongo yenye mabati mazito ya zamani na mlango wa mvule, ndani ya kibanja kidogo cha migomba. Aliishi humo Ma Paskazia, mwanamke wa miaka sabini na kitu, peke yake. Kijana wa ukoo, Edmundi, anafanya kazi Mwanza, alitaka kuibomoa ajenge ya kisasa, familia yake ipate pa kufikia Krismasi. Alisema nyumba ilijengwa na babu yake, Laurenti, kwa hiyo ni mali ya ukoo na mrithi ni yeye. Ma Paskazia alisema hapana, kiwanja alinunua mama yake, Anastela, dada yake Laurenti, na nyumba akajenga Anastela huyo huyo. Kwetu mnajua: cha ukoo, binti hana chake pale, anakaa kwa hisani. Cha kununua ni cha aliyenunua, naye humwachia amtakaye. Hati hakuna, mashahidi wamekwisha kufa. Ukoo ukaamua kuta ziulizwe.

"Wewe hujui yeyote kati yetu," Ta Kristofa aliniambia. "Utakachosema, tutakifuata."

Kibaya ni kwamba nilifurahi kuambiwa hivyo.

Ma Paskazia alinipokea vizuri. Mwanamke mdogo, kichwa chake hakifiki begani kwangu, kitenge safi, macho yanayokufuata kila uendako. Alinimiminia rubisi, akaonja yeye kwanza kama desturi ilivyo, mgeni aone hakuna kitu ndani. Hata hivyo nilinusa. Nikafungua daftari langu. Kila nyumba niliipa ukurasa wake, na juu ya ukurasa niliandika mambo mawili kabla ya vipimo: jina la aliyejenga, na kazi yake.

"Nani alijenga, Ma?"

"Mama yangu. Anastela."

"Alifanya kazi gani?"

Akainua kikombe, akakitua bila kunywa. "Kahawa."

"Kahawa ya nani?"

"Yake. Aliuza kahawa, akajenga."

Hapo nikasimamisha kalamu. Vijana, miaka ile mwanamke alipalilia mibuni, akachuma, akaanika, akabeba kichwani. Lakini mibuni ilikuwa ya mume, na kama hakuna mume, ya kaka. Mwanamke wa kuuza kahawa yake mwenyewe mpaka apate mabati ya nyumba nzima? Kwa Muleba ile? Nilijua papo hapo kwamba ananidanganya. Na alijua kwamba nimejua, akageuza uso akatazama nje migombani.

Basi nikaanza kuisoma nyumba nikiwa tayari nimekwisha kumhukumu. Komeo la mlango wa mbele lilikuwa chini, sawa na kifua cha mtu mfupi. Skrubu zake nne mpya, zinang'aa. Juu yake, karibu urefu wa kifua changu mimi, palikuwa na matundu manne ya kale yaliyozibwa kwa vijiti na kupakwa rangi ya kijani juu yake. Nikajiambia, kwisha kazi. La juu lilikuwa la kwanza, la mtu mrefu. Hili la chini kalishusha huyu mwanamke mfupi baada ya kuikalia nyumba.

"Skrubu hizi ni za lini, Ma?"

"Za baada ya tetemeko. Za zamani zililegea."

Jibu zuri, la kweli kabisa. Sikuliamini. Bisibisi ilikuwa mfukoni mwangu, vijana. Skrubu nne, dakika tatu za kazi. Sikuifungua. Nilitaka kuwahi pikipiki kabla ya mvua, na tayari nilikuwa na jibu nililolipenda.

Ukoo ulikutana uani kwake mwenyewe. Ma Paskazia alikaa kwenye mkeka na wanawake wengine, sisi tuko kwenye viti. Nilieleza habari ya mkono na mkaa, wote wananisikiliza kama padre. Nikasema la kwanza ni la juu. Mzee mmoja akadakia, "Laurenti! Laurenti aliinama kila mlango!" Wengine wakaitikia, wanamkumbuka, mtu mrefu ajabu, alisimama pale pale mlangoni jioni akiita mbuzi.

Ma Paskazia akaniuliza kwa sauti ndogo, "Una hakika, Ta Projesti?"

"Macho yangu hayajanidanganya bado, Ma."

Mungu anisamehe, nilisema hivyo. Na niliongeza, bila kuulizwa, kwamba mama huyu ameshanidanganya habari ya kahawa. Nilimwona akifunga kitenge chake mabegani kana kwamba baridi imeingia. Ta Kristofa naye alikaa kimya muda mrefu, akitazama fimbo yake, nikadhani anatafakari. Kisha akatangaza kwamba Edmundi anaruhusiwa kubomoa, na shangazi yake apewe chumba cha uani katika nyumba mpya. Katika daftari niliandika: Laurenti, mkulima.

Wiki chache baadaye simu ikalia. Edmundi. "Mzee, ule mlango wa mvule niliona unaupapasa. Njoo uuchukue kabla vijana hawajaupasua." Nami kweli niliutamani. Mvule ule siku hizi huupati. Nikapanda pikipiki haraka, bila aibu, kwenda kupokea asante yangu.

Nilikuta upande mmoja wa paa umekwisha kuvuliwa. Jua limeingia chumbani ambako halijawahi kuingia tangu nyumba ijengwe. Godoro, sufuria, picha ya Bikira Maria, vyote vimetolewa vimewekwa mlangoni pa jiko la nje, na Ma Paskazia amekaa katikati yake juu ya kigoda. Alinisalimia mwenyewe kwanza.

"Umefuata mlango?"

"Ndiyo, Ma."

"Uchukue taratibu. Usiupasue."

Nikaenda nikapiga magoti mbele ya mlango, nikaanza na komeo ili lisiniharibie mbao wakati wa kubeba. Skrubu ya kwanza, ya pili, ya tatu, ya nne. Bamba la chuma likaniachia mkononi.

Chini yake mbao ilikuwa tupu. Hakuna rangi ya kijani. Hakuna ile nyekundu iliyokuwa chini ya kijani. Mvule mtupu, mweusi kwa uzee, na rangi zote zimeishia kwenye ukingo wa bamba. Na katikati ya mbao ile, kistari cha mkaa, urefu wa kidole.

Niliruka kwenye yale matundu ya juu, nikachokoa vijiti kwa patasi. Matundu yalikuwa yametobolewa kupitia rangi nyekundu; ukingo wake umemeguka na kuchanika. Aliyefunga komeo juu alikuta mlango umekwisha kupakwa rangi. Komeo lilianza chini. Akaja mtu mrefu akalipandisha. Akaja mtu mfupi akalirudisha pale lilipozaliwa. Nikaweka patasi chini.

"Acheni!" nikapiga kelele. "Acheni paa! Msiguse kitu!"

Edmundi akaja akipangusa vumbi. Si kijana mbaya yule, msimchukie. "Mzee, vipi tena?"

"Nimekosea. Nyumba hii haikujengwa na babu yako."

"Wewe ndiye uliyesema! Mbele ya ukoo mzima!"

"Nilisema bila kufungua."

"Na leo unafungua kwa sababu gani?"

"Kwa sababu nilikuja kuchukua mlango," nikamjibu, na hakuna jibu lililowahi kunichoma kinywani kama hilo.

Tukampigia simu Ta Kristofa. Alifika, majirani wakajaa, kila mmoja akainama kutazama kistari. Nikaomba Ma Paskazia asimame pale, maana wote walisema amechukua umbo la mama yake. Hakutaka. Ta Kristofa akamsihi. Akaja, akanyoosha mkono kufunga, na mkono ukatua juu ya mkaa. Watu wakaguna. Edmundi akasema lile ambalo hata mimi nilikuwa nimelisema moyoni siku ya kwanza.

"Sawa. Ni mwanamke. Sasa mwanamke wa miaka ile alipata wapi mabati yote haya? Shangazi alituambia kahawa, na mzee huyu akasema ni uongo."

Ningeweza kusema tuyaache hayo. Nilichelewa. Ma Paskazia aliondoa mkono mlangoni, akatugeukia.

"Ni uongo," alisema. "Mama alikwenda Kampala."

Nyinyi vijana neno hilo kwenu ni safari tu ya basi. Kwa watu wa umri wetu, msichana wa Kihaya wa zamani akisemwa "alikwenda Kampala", hakuna anayeuliza alikwenda kufanya nini; inajulikana ni wanaume waliomlipa. Wanawake walifunika midomo. Nami nikaelewa ghafla kila kitu: kikombe kile kilichotuliwa bila kunywewa, uso ule uliogeukia migombani. Alikuwa na neno moja la kuiokoa nyumba, na neno lenyewe lingemvua nguo mama yake kaburini. Akachagua kusema kahawa.

"Alikwenda akiwa binti," Ma Paskazia akaendelea, machozi yanamtoka wala hayafuti. "Alirudi na mimi tumboni na mabati kwenye lori. Akanunua hapa, akajenga, akanizaa humu. Halafu akarudi huko tena, akamwachia mjomba Laurenti nyumba na mimi, tule, tusome. Mjomba akapandisha komeo, mimi mtoto nikawa siwezi kufungua mlango. Mama aliporudi kuzeekea hapa akalishusha. Sasa mmejua. Mmefurahi?"

Hakuna aliyefurahi. Edmundi alisawijika kwa aibu, na aibu kwa kijana inageuka hasira upesi. "Basi nyumba ya namna hiyo ndiyo hasa ya kubomoa," akasema. "Tunataka watoto wetu waambiwe wanalala kwenye mabati ya..."

"Funga mdomo wako." Ni Ta Kristofa. Sikuwahi kumsikia akipandisha sauti. "Babu yako alilala chini ya mabati hayo miaka kumi na zaidi. Baba yako alisomeshwa kutoka humu. Mimi hapa, ada yangu ya shule ilitoka Kampala, kwa mkono wa Anastela, na nilijua. Siku ile ya kikao nilijua! Nikakaa kimya nikisubiri fundi anisaidie nisiitaje habari hiyo. Tuna aibu, ndiyo, lakini ni mimi mwenye aibu, si yeye."

Akaketi pale pale kizingitini, mzee yule, akashika kichwa. Baada ya muda Edmundi aliwaambia vijana wapandishe mabati. Mimi nilipanda pamoja nao, kwa miaka yangu ile, na Edmundi mwenyewe alikuwa chini akinipokezea misumari. Komeo nililirudisha juu ya kistari, kwa skrubu zake nne.

Nataka mnielewe vizuri. Sisemi msishuku. Mwenye nyumba anadanganya, kila mmoja, hata mimi nyumba yangu nawadanganya umri wake. Nilichokosea ni hiki: nilimkamata mtu katika uongo mmoja, nikaamua kila kilichotoka kinywani mwake ni uongo. Sikujiuliza anadanganya kwa ajili ya nani. Na niseme na lile la chini kabisa: nilishindwa kuona mkono wa mwanamke pale mlangoni kwa sababu sikutegemea kumkuta.

Baada ya mavuno ya kahawa nilirudi kwake na daftari. Nilikaa nje kwenye kigoda mpaka aliponiambia niingie, na haikuwa upesi. Nikafungua ukurasa wake, nikalikata jina la Laurenti mbele ya macho yake, nikaandika Anastela. Kisha kalamu ikafika penye kazi, ikasimama. Sikujua niandike nini. Kahawa ilikuwa uongo, na ukweli sikuwa na kinywa cha kuuliza.

"Unaogopa nini?" akaniuliza. "Andika."

"Niandike kazi gani, Ma?"

"Andika: alijenga nyumba."

Nikaandika.

"Haya. Chini yake andika na jina lako. Projesti. Kazi yake: aliibomoa upande mmoja."

Nilidhani anatania, nikainua macho nicheke naye. Hakuwa anatania. Nikainama, nikaandika na hilo.